Kaseti Iliyoamia Ndege

Juzi nilikuwa Ifakara, nyumbani kwa kaka yangu Viwanja Sitini, na mwanawe akaniudhi bila kujua. Alinisikia nikisimulia nyimbo za kantri za utoto wetu, zile za mwanamume na mwanamke wa Marekani wenye kofia pana, akaingia kwenye simu yake na kabla chai haijapoa akanitolea albamu nzima. "Shangazi, hizi hapa. Zote." Alidhani ananifurahisha. Wimbo wa mwisho ulipofika kwenye kiitikio cha pili ukaendelea tu mpaka mwisho, safi kabisa, nami nikapandwa na hasira. Ngoja nikueleze wewe, maana yeye hakunielewa.

Sisi albamu hiyo tuliijua kama kaseti. Miaka ya tisini ilipokuwa inaanza, mjomba aliyekuwa akifanya kazi relini kule Chita alituletea, pamoja na redio yenye antena iliyopinda. Kwetu Mkula hapakuwa na kaseti nyingine, kwa hiyo tulipika nayo, tukatwanga nayo, tukachambua mboga nayo. Kiingereza tulikuwa hatujui. Mwalimu wetu ndiye aliyetusomea kasha: kwamba wawili hawa wameimba miaka mingi, na hapa zimekusanywa zile zilizopendwa kuliko zote. Bibi alielewa upesi kuliko sisi. "Kumbe wamepeta," akasema. "Pumba wamebaki nazo wenyewe, sisi wametuletea mchele." Lililomshinda ni kukubali kwamba wale wawili ni mtu na mkewe. Mtu na mkewe, alisema, hawawezi kupokezana maneno muda wote huo bila mmoja kununa.

Mimi nilipenda wimbo wa mwisho, upande wa pili. Gitaa lilianza peke yake, taratibu, kisha mwanamume, kisha mwanamke akamfuata kama anayemwita arudi nyumbani. Niliusubiri kila siku. Ili kuokoa betri tulirudisha mkanda nyuma kwa kalamu, na betri zikichoka tulizianika juani pamoja na dagaa.

Sasa, kama hukukulia kwenye mpunga hujui adha ya ndege. Mpunga ukianza kushika punje wanakuja kabla ya jua, kundi zima, na mtoto anakaa juu ya dungu na kombeo na debe, anapiga kelele mpaka sauti inakauka. Huko ndiko kuamia ndege, na shule inaendelea bila wewe. Mwaka huo nilikuwa darasa la saba. Mwalimu akatufuata hukohuko shambani, akamwamkia bibi, "Shikamoo mama," kisha akamweleza bila kuzunguka: "Huyu akiendelea kukaa huku, mtihani tusahau." Bibi alikuwa anaitazama redio.

Kesho yake alimwomba fundi redio azibe kwa karatasi vile vitundu vya juu vya kaseti vinavyozuia kurekodi. Akapanda dunguni, akabonyeza, akarekodi kelele zake mwenyewe. Tangu siku hiyo wimbo wangu ulianza vizuri, ukafika kwenye kiitikio cha pili, halafu kacha! "Haaa! Haaa! Tokeni! Mmelima lini nyie? Mmepalilia lini?" Na debe linalia mpaka mkanda unaisha. Nilipolalamika, alinishangaa. "Nimechukua mmoja tu, tena wa mkiani. Za mbele zote nimewaachia."

Mpango wake ulikuwa redio iamie ndege, mimi niende shule. Asubuhi ya kwanza waliruka kweli. Lakini kelele zilidumu nusu ya wimbo tu, na redio haijirudishi nyuma yenyewe. Lazima mtu akae pembeni kuirudisha. Huyo mtu alikuwa nani? Mimi! Nikawa juu ya dungu lilelile, shule sijaenda, na wimbo sina. Ndege nao wakazoea, mmoja akathubutu kutua kwenye antena huku bibi akimtukana kutoka ndani ya redio. Nililia kwa hasira. Bibi naye alikasirika, ingawa sijui alimkasirikia nani, mimi au ndege.

Kisha redio ikala mkanda. Bibi aliuchomoa kwenye kaseti, wote, akaufunga kutoka mti mmoja hadi mwingine juu ya mpunga. Upepo ulipokuja mkanda ukavuma na kumetameta, na ndege wakapita juu kwenda kwenye mashamba ya wenzetu. Mjomba alipokuja likizo akakuta nyimbo zake zimetandazwa bondeni, alikaa chini kwanza ndipo akasalimia. Mimi nilikuwa nimeshapewa sare yangu asubuhi ileile mkanda ulipofungwa. "Nenda," bibi aliniambia. "Wimbo utausikia hata ukubwani. Shule ikikupita, imekupita." Nilikwenda nimenuna njia nzima.

Baada ya mavuno mkanda ulichomwa pamoja na mabua. Bibi naye tulimzika zamani. Maisha yake yote sauti yake ilirekodiwa mara moja tu, na ni pale. Siku hizi watu wanarekodi hata mbuzi wao wakila, na sisi hatuna hata kikohozi chake. Linaniudhi hilo, siwezi kukuficha. Kila alichokifuta kimehifadhiwa, naye hayupo popote.

"Shangazi, mbona umekunja uso? Si ndio huu?" mtoto wa kaka akaniuliza.

Nikamwambia aurudishe nyuma. Akagusa tu kioo kwa kidole, ukarudi. Nikasubiri tena pale pale, kwenye kiitikio cha pili. Mwanamume akaimba, mwanamke akampokea, wakaendelea wawili wao mpaka mwisho, na hakuna aliyewafukuza.