Bata Bukini wa Berl Kornblit

Lipa Kornblit ndiye mtu pekee ninayemjua aliyewahi kutolewa nje ya kumbukumbu ya wafu wake mwenyewe, na haikuwa mara moja. Alikuwa fundi bomba wa Holon, Israeli. Nusu ya vyoo vya mtaa wetu alivizibua yeye, na nusu ya wenyeji wake aliwatukana akiwa amepiga magoti, kichwa ndani ya kabati la sinki. Hakuna aliyekasirika. Mtu akikutolea nywele za mkeo kwenye bomba huku ameshika koki ya maji yako, humjibu.

Kila mwaka, katika siku ile ya vuli ambayo Wajerumani waliwakusanya Mayahudi wa Mokrolas, mji wetu wa Polandi, sokoni na kuwapeleka wasikorudi, manusura wa mji ule pamoja na sisi watoto wao tulikutana katika ukumbi wa shule ya msingi. Mishumaa iliwashwa, hotuba ikasomwa, Kadishi, sala ya wafu, ikasemwa, kisha vikafunuliwa vyombo: samaki wa chumvi, vitunguu, keki kavu, na vodka ya kushushia. Wengi walikuja kwa ajili ya marehemu. Wengine, Mungu atusamehe, walikuja kwa ajili ya samaki.

Hotuba ilikuwa ileile miaka yote. Mwenyekiti wa chama, Zalman Pinchevski, alikuwa ameuza bima maisha yake yote, na alikuwa na sauti ya mtu anayekuonea huruma kabla hujafiwa. Kilele cha hotuba kilikuwa Berl Kornblit, kaka yake Lipa. Berl, kijana barubaru, alitoka kwenye mstari pale sokoni, akamtemea mate usoni afisa wa Kijerumani, akalitaja jina la Mungu wa Israeli kwa sauti, akapigwa risasi. Hapo mama yake Berl, Bi Tsipa, aliyekuwa akikaa mstari wa mbele, aliinamisha kichwa. Ukumbi ulilia. Lipa, aliyekuwa mlangoni, alitoka kuvuta sigara. Tuliona ni uchungu.

Basi Bi Tsipa akafa, bibi kizee mwenye meno yake yote na ulimi wake wote. Siku saba za matanga zilipokwisha, Lipa alikwenda kwa Pinchevski, akakataa chai, akasema, "Berl hakumtemea mtu mate. Alikufa amebeba bata."

Pinchevski alimshauri apumzike.

Lakini bata alikuwepo, na habari yake ni hii, kama Lipa alivyoanza kutusimulia mmoja mmoja. Siku ile ya soko Berl hakuwa sokoni hata kidogo. Alikuwa shimoni, chini ya zizi la nguruwe la Mpolandi mmoja asiyewapenda Wajerumani wala Mayahudi, ila aliwachukia Wajerumani zaidi. Mle shimoni walikuwemo Lipa, akiwa bado mtoto, Berl, mama yao, Reb Shaye aliyekuwa mchinjaji wa mji, na Gutka, bintiye Reb Shaye. Chakula kilipokwisha, Berl alianza kutoka alfajiri kwenda kuiba. Angeweza kuiba viazi kama watu wengine. Yeye akaenda kuiba bata bukini wa mke wa mkuu wa polisi, kwa sababu Berl hakuwa shujaa. Alikuwa mhuni, mwizi wa karata, mtu wa kuvaa koti la mwenzake kwenda kumposa dada wa mwenzake.

Bata wa kwanza alimleta amekwisha kumvunja shingo. Bi Tsipa akamwangalia yule bata, akasema yeye hali kibudu. Reb Shaye, mchinjaji mwenyewe, mtu wa dini, akamwambia sheria inaruhusu: nafsi ikiwa hatarini, unakula. Bi Tsipa akajibu kwamba sheria ni ya Reb Shaye na tumbo ni lake. Nguruwe juu wanawakojolea kupitia mbao, na yeye chini anauliza bata amechinjwa na nani. Wengine wakala. Yeye hakula, akawa anakwisha mbele ya macho yao.

Basi Berl akaanza kuwaleta wazima. Mchinjaji yupo, kisu anacho ndani ya koti, mama atakula. Ili bata asipige kelele njiani, alimfunga mdomo kwa soksi. Ilifanya kazi. Halafu alfajiri moja bata alipiga kelele katikati ya shamba, ikafuata risasi, wakawasikia wote wawili wananyamaza.

"Alisahau soksi," Lipa alikuwa akisema kila akifika hapo, kwa hasira ileile, kama vile Berl yuko bafuni anaoga. "Mjinga yule. Mtu wa kuficha karata tano mkononi, anasahau soksi."

Bi Tsipa alimwapisha Lipa asiliseme neno bata maadamu mama yu hai. Ndiyo maana alikuwa akitoka kuvuta sigara.

Kumbukumbu mbili zilizofuata Lipa alimkatiza Pinchevski kwa matusi hotuba ilipofika kwenye mate, na mara zote mbili akatolewa nje. Mwaka wa tatu alitufikia Daktari Ofra Lindenboim, mwanahistoria, anaandika kitabu kuhusu Mokrolas: nani aliua, nani aliuawa, nani alipona na alipona vipi. Wazee walijiandaa kulia mbele yake. Yeye akawauliza maswali ya askari wa trafiki. Ulisimama wapi? Jua lilikuwa upande gani? Mbele yako palikuwa na watu warefu, uliona vipi? Hili uliliona au uliambiwa? Na aliyekuambia aliliona? Alisoma karatasi za Wajerumani, akasoma kesi za Wapolandi, akamsikiliza kila mtu peke yake, kisha akawapanga wote ubavu kwa ubavu kama mama anayewauliza watoto nani amevunja kikombe.

Wa kwanza kuumia alikuwa Pinchevski. Daktari alimweleza kwa adabu kwamba wazee wanaosimulia habari ya mate wanaisimulia kwa maneno yaleyale, na maneno hayo ni ya hotuba yake. Waliotoa ushahidi mara tu baada ya vita, kabla chama hakijapata mwenyekiti wala kipaza sauti, hakuna hata mmoja aliyetaja mate.

"Kwa hiyo wazee hawa ni waongo?" Pinchevski akauliza.

"Hapana. Wamekusikiliza."

Baadaye Pinchevski alikiri kwamba mate hakuyabuni yeye. Aliyapata kwa Bi Tsipa. Alimwendea mara tu walipofika nchini, akamuuliza mwanawe alikufaje, na mama akafikiri kidogo, akampa jibu ambalo ndani yake hamkuwa na ndege.

Lipa alifurahi kama aliyeshinda bahati nasibu. Mate yameondoka, sasa bata aingie. Akamwita Daktari jikoni kwake, akamkatia keki, akamsimulia yote, kanda ya kinasa sauti ikizunguka mezani. Mwisho Daktari akamshukuru, akamwambia ataiweka kwenye maandishi madogo chini ya ukurasa, kwa neno "inasemekana".

"Chini ya ukurasa," Lipa akasema. "Mate yamekula hotuba miaka yote hii, na bata anakwenda chini kwenye vumbi?"

Daktari akamwambia: shahidi ni mmoja, ni ndugu wa marehemu, alikuwa mtoto, na amekaa kimya karibu miaka hamsini. "Nikikubali habari yako kwa kuwa naipenda, nitamkatalia nani ya kwake? Na wako watu huko nje, Lipa, wanaosema hakukuwa na mauaji kabisa. Wanangoja tuteleze hata kwa bata mmoja, waseme na mengine yote ni ya kubuni."

Lipa alimtukana, kwa Kiyidi, lugha ya Mayahudi wa kule kwao, kwa kirefu. Daktari alikijua Kiyidi. Akangoja amalize, akauliza nani mwingine wa shimoni yuko hai.

Alikuwepo Gutka. Alikuwa akiishi kaskazini, katika kibutzi, kijiji cha ushirika, akishona nguo za watu wa huko, na kwenye mikutano yetu hakuwahi kukanyaga. Lipa alikwisha kumpigia simu alipotoka matangani tu. Gutka alisema hakumbuki kitu, akakata.

"Mpigie tena," Daktari akasema. "Lakini neno bata lisitoke mdomoni mwako. Wala soksi, wala kibudu. Ukimsimulia, nitakuwa na shahidi mmoja mwenye midomo miwili."

Hebu fikiria adhabu hiyo. Mwanamume ambaye hajawahi kunyamaza hata ndani ya tangi la maji, ameachiwa kiapo cha mama yake leo, na kesho anavishwa kingine na serikali ya wasomi. Akapiga simu. Majirani wa chini walisikia upande wake wote.

"Gutka, njoo kwenye kumbukumbu... Siwezi kusema... Siwezi kusema, nimekwambia... Tangu lini mimi siwezi kusema? Tangu leo asubuhi... Njoo tu, nakuomba."

Nadhani lililomleta ni hilo neno la mwisho. Hakuna aliyewahi kusikia Lipa akiomba.

Alikuja, mwanamke mdogo mwenye mkoba mkubwa, na kwa kuwa hakujua desturi zetu akakaa kwenye kiti cha mbele, kile cha Bi Tsipa. Ukumbi ukashtuka lakini hakuna aliyethubutu. Lipa hakukaa mlangoni safari hii. Alikaa nyuma yake, mgongo wima, kama amemeza bomba la inchi nne.

Ungedhani Pinchevski angefupisha hotuba. Thubutu. Alijua kuna kitabu kinakuja, na hii huenda ikawa mara ya mwisho ya mate kusikika hadharani, kwa hiyo aliyatema kwa moyo wote. Berl akatoka mstarini. Berl akainua kichwa. Watu wakawa hawamtazami tena Pinchevski. Wanamtazama Lipa, wakingoja tusi la mwaka. Lipa alikuwa mwekundu mpaka masikioni. Alinyoosha mkono kwenye meza ya chakula, Kadishi bado haijasemwa, akachukua kipande cha samaki, akajiziba nacho mdomo.

"Ndugu yetu Lipa leo hana la kuongeza?" Pinchevski akauliza kutoka jukwaani, akiwa amelewa ushindi.

Lipa akatikisa kichwa. Alikuwa analia, lakini samaki alikuwa na chumvi nyingi, kwa hiyo kila mtu aliamua atakavyo.

Gutka akasimama, akachukua mkoba, akatoka nje mbele ya watu wote.

Lipa alimkuta uani karibu na mabomba ya kunywea maji ya watoto. Sisi tuliokuwa tukivuta sigara pale tulisikia.

"Mate gani hayo?" Gutka akauliza.

"Usiniulize mimi."

"Ulikuwepo, Lipa."

"Nilikuwepo. Funga mdomo, Gutka, kwa roho ya baba yako. Kesho uufungue mbele ya Daktari, usiufungue hapa."

Gutka alimtazama sana. "Nimeufunga tangu utoto bila kuombwa," akasema, "na leo ndiyo unaniomba niufunge?" Lakini usiku ule alilala Holon, kwa binamu yake.

Kesho yake Daktari aliweka kinasa sauti jikoni kwa Lipa, akamweka Gutka kitini, na Lipa akafukuzwa nyumbani kwake mwenyewe. Lipa alikaa kwenye ngazi. Kila jirani aliyepita alimuuliza kama amepoteza ufunguo au amepata mke wa kumtoa nje.

Ndani, Daktari hakuuliza habari ya bata. Aliuliza walikula nini. Gutka akasema mwenyewe: bata. Wa kwanza akiwa kibudu, Bi Tsipa akakataa, baba yake akamsihi kwa vifungu vya sheria. Waliofuata walikuja wazima. Habari isiyompa sifa mtu yeyote, si mama, si mchinjaji, si mwizi. Kwa Lipa bata walikuwa weupe. Kwa Gutka walikuwa wa kijivu. Daktari aliipenda hiyo kijivu kuliko yote. Wangefanana mpaka manyoya, alituambia baadaye, asingelala.

Kisha akauliza bata alinyamazishwaje njiani, na Gutka akaomba kinasa sauti kizimwe, ndipo akajibu.

Mlango ulipofunguliwa Lipa alisimama, akaingia. Daktari alikuwa amekizima kinasa sauti. Alimwambia Gutka kwamba akitaka anaweza kuondoka sasa, si lazima amwambie Lipa.

"Hakusahau," Gutka akamwambia Lipa. "Miguu yangu ilikuwa imeanza kuwa myeusi kwa baridi. Jioni ile alinivisha soksi zake. Nilikuwa nimelala alipotoka. Niliamka kwa ile kelele, nikaziona miguuni mwangu."

Lipa alikaa kwenye kiti chake. Akasogeza sahani ya keki, akairudisha ilipokuwa. Pale mezani ndipo alipomlaani Berl miaka yote, kila akila peke yake, kwa kosa ambalo Berl hakulifanya.

"Nilikuwa nakuogopa wewe kuliko Mungu," Gutka akasema. "Ulinipigia simu, nikakata. Nilijua unataka kuniuliza soksi."

"Sikujua hata kama unazo."

"Ninazo sasa hivi?"

"Siyo sasa hivi, mwanamke. Wakati ule." Akajifuta pua kwa kiganja. "Zilikuwa zinanuka?"

Gutka akamtazama kuona kama anamdhihaki, akaona kwamba anauliza kweli.

"Lipa," akasema, "hata nguruwe walisogea."

Lipa akaanza kucheka, huku analia, na Gutka naye, mpaka jirani wa chini akagonga dari kwa mpini wa ufagio. Daktari Lindenboim alivuta kiti chake karibu, akawaomba radhi wote wawili, akakiwasha tena kinasa sauti.