Ng'ombe wa Mzee Nkwabi Kwenye Shuka Jeupe

Kati ya watunzi wa hadithi za sinema Usukumani miaka ya hamsini, Donatus Nkwabi ndiye aliyejulikana kidogo kuliko wote, na hilo si jambo dogo, maana alikuwa peke yake.

Ofisi ya picha ya serikali ya mkoloni ilimwajiri kwa kuwa alijua kusoma na kuchekesha. Akatunga kichekesho cha bwana harusi mwoga; kikarudi kutoka kwa wakubwa kikiwa somo la kuchimba choo. Akatunga mapenzi ya binti wa Kagongwa. Binti akaishia kupanda pamba kwa mistari. Akatunga ya kutisha, mchawi apandaye fisi. Fisi akafutwa, mchawi akachanjwa ndui. Donatus akameza yote. Mshahara nao una ladha yake.

Kisha akatunga ya babaye, Mzee Nkwabi wa Samuye, aliyekataa amri ya kupunguza mifugo hadi askari wakaja kuwaswaga ng'ombe wake kwa nguvu. Picha ikarudi: mzee mpumbavu, bwana mifugo mwerevu, na mwishoni ng'ombe wanakwenda mnadani huku mzee akitabasamu.

"Baba hajatabasamu tangu siku ile!" Donatus alimfokea Januari, dereva wa gari la sinema, kana kwamba Januari ndiye serikali. "Na kesho nikamfanye mjinga kwao, mbele ya wakwe zake?"

"Kwani picha ina mdomo?" Januari alisema. "Mdomo ni wewe na kipaza sauti chako. Bwana Kofia Kisukuma chake kinaishia kwenye salamu, 'mwadila'."

Bwana Kofia ndiye mkubwa wao wa safari, Mzungu mpole, hatari kama wapole wote.

Giza lilipoingia Samuye, shuka likatundikwa, na Donatus akaanza kueleza picha kwa Kisukuma. Bwana mifugo alipotokea, akapaza sauti:

"Mtazameni huyu mwenye kaptula! Anahesabu ng'ombe ambao hajawahi kuwachunga!"

Uwanja ukalipuka. "Mchapeni kabla hajavuka mto!" alipiga kelele Mama Mbuke, jirani yao. Bwana Kofia akafurahi mno. "Somo limewaingia," akasema, akaenda hemani kula.

Watu walipotawanyika, mzee akaja garini.

"Shikamoo, Baba."

"Marahaba. Umesema vizuri. Mama Mbuke kanipongeza kama nimeoa tena." Akalitazama shuka. "Lakini ng'ombe nimewaona wakienda. Mara ya pili sasa, na safari hii mwanangu ndiye anawatangaza."

Donatus akapanda garini, akauvuta utepe wa picha mpaka mahali ng'ombe wanapotoka zizini, akanyoosha mkono kwa Januari.

"Mkasi."

Januari akampa, akageuka kukagua gurudumu lisilo na kasoro yoyote.

Tangu hapo, kote walikopita hadi migodini Geita, picha ile ilikatika ghafla ng'ombe wakiwa bado zizini. Bwana Kofia alilaumu joto.