Kiraka cha Beseni la Buluu

Mtaa mzima unamwita Babu Viraka, na jina limemkaa. Mpelekee ndoo iliyopasuka, kiti cha plastiki kilichovunjika mguu, hata sandali. Atakata kipande chembamba, akichome, aunuse moshi wake amefumba macho, ndipo akwambie kama kuna dawa au ukatupe. Kila plastiki ina ndugu zake, anasema. Ukiitia kiraka kisicho cha ukoo wake, leo itakishika, kesho itakitema. "Usichague kwa rangi," huwakaripia wateja. "Rangi ni nguo tu." Mkali, lakini ukali wake unaishia mdomoni.

Basi juzi kitinda mimba wake alimpigia simu. Amejifungua, anakuja nyumbani kupumzika. "Na baba, nataka mwanangu aogeshwe kwenye beseni letu."

"Sawa mama, wewe njoo tu," mzee akajibu, kifua mbele. Kifua kilirudi nyuma alipolitoa beseni uani. Lile beseni la buluu lililowaogesha mabinti zake wote, jua lilikuwa limelimaliza, na kitako kimepasuka. Yeye anayeziba ndoo za watu kutwa nzima, la kwake kalisahau!

Furaha ya mjukuu nayo ilimpofusha. Aliona mfuniko wa ndoo ya rangi, buluu ileile, akaupachika kwa kisu cha moto bila hata kuunusa. Akajaza maji, akakaa kuitazama kazi yake. Maji yakamfuata miguuni. Kiraka kilibanduka kizima kama gamba la kidonda. Alicheka peke yake, kisha kicheko kikamkauka, maana binti alikuwa anaingia kesho yake.

Akachoma na kunusa kila kilichokuwa kibandani. Hakuna ndugu. Ndugu alikuwa mmoja tu, na mzee alimjua tangu mwanzo, ila alijifanya hamnazo: kopo la buluu lililonunuliwa pamoja na beseni lile, linaloning'inia msumarini mlangoni pa bafu. Lilikuwa kopo la marehemu mkewe. Tangu azikwe hakuna aliyeoga nalo, wala hakuna aliyekatazwa. Kila asubuhi mzee alilifuta vumbi, kisha akaoga kwa kopo lingine.

Alikaa nalo mapajani muda mrefu. "Mama watoto," alisema, "utanielewa, au utaninunia?" Mkewe alikuwa bingwa wa kununa. Hatimaye akapiga moyo konde, akapasha kisu moto. Alilia, tena alilia hasa, na jirani alipochungulia akasingizia moshi.

Beseni likashika maji. Kesho yake binti akamteremsha mtoto taratibu, mkono mmoja shingoni, na mtoto akatulia, akayapiga maji teke. Binti akainua macho kutafuta kopo la kummwagia, akauona msumari mtupu.

"Baba, kopo la mama liko wapi?"

Mzee alikohoa. Akaonyesha kwa kidevu kitako cha beseni.

"Mwanao kalilalia."

Binti alimtazama baba yake. Akapitisha mkono wa pili chini ya mtoto, akapapasa mpaka akakipata kiraka.

"Umebebwa na bibi yako," akamwambia mtoto.

Mzee akageuka upande kutafuta cha kusingizia, na safari hii hapakuwa na moshi.