Aliyeitikia Nyuma ya Kamera

Kabla sijawa mhariri wa sauti za filamu nilikuwa nafunga maboksi kwenye ghala huku ughaibuni, katika mji wa Eagan. Kwa hiyo mwongozaji mmoja aliponipa kazi ya majaribio, nirekodi na kuhariri sauti ya filamu kuhusu mama mmoja mkimbizi kutoka Kongo, nilijiambia: dada, hapa ukivurunda, unarudi kwenye maboksi.

Tulirekodi nyumbani kwa huyo mama, katika mji wa Hopkins. Nikazima friji isivume, nikaweka funguo za gari langu humo humo ndani ya friji, nisije nikaondoka bila kuiwasha tena. Mama akafoka, "Nyama yangu ikioza, utaikula wewe!"

Sharti letu lilikuwa moja: yeye akiongea, sisi kimya, tunatikisa vichwa tu. Akaanza kusimulia alivyokimbia vita na mtoto mgongoni. Hakufika mbali, akakatisha.

"Niko naongea na ukuta?"

Jamani! Mtu mzima anakusimulia machungu yake, wewe umemkodolea macho tu? Kwetu hata hadithi ya watoto haiendi bila kuitikiwa. Ikanitoka, "Enhe, mama." Akaendelea. "Pole, mama." Akaendelea. Alimwaga yote, mpaka mumewe alivyozikwa njiani. Mwongozaji alikuwa amewiva kwa hasira. "Sauti yako imo kila mahali," akaniambia tulipotoka. "Iondoe yote."

Niliiondoa, enhe moja moja, roho mkononi. Ikatoka safi kabisa. Lakini mwongozaji, asiyejua hata neno moja la Kiswahili, alipoitazama akakunja uso.

"Mbona kama anaongea peke yake? Hebu zirudishe."

Nikazirudisha mbio mbio asije akageuka tena. Kazi nikaipata, na ndiyo inayonilisha mpaka leo. Namshukuru sana yule bwana. Ni mabosi wangapi wanaojirudi?

Tulipoionyesha filamu kwenye ukumbi wa kanisa analosali yule mama, kina mama wa Kikongo walijaa pomoni. Yule mama alipoanza tu kuongea kwenye skrini, ukumbi mzima ukamwitikia: "Eeh! Pole, mama! Eeh!" Enhe zangu hazikusikika hata moja. Nilicheka huku nalia.

Baadaye nikamfuata nimtanie. "Mama, kumbe hata sikuhitajika!"

Akanishika mkono, hakuuachia.

"Leo walikuwa wengi, mwanangu. Ile siku ulikuwa peke yako."