Shimo Chini ya Kitanda

Siku ya kumi na tisa ya eda yangu nilimwuliza mke wa mwanangu kama mtu akitoka mlangoni ndani ya kishikwambi naye anahesabiwa ametoka. Hakucheka. Angecheka ningekirusha kile kidude ukutani, maana siku zile nilikuwa na hasira za karibu. Alifikiri kidogo, akasema, "Mama, mimi sijui. Ila usipotoka huna pa kukosea."

Nikamwona ana akili. Sikumwambia.

Mume wangu alikuwa ameondoka baada ya kuugua muda mfupi sana, na mimi nilikuwa nakaa eda kama anavyokaa mjane yeyote wa Kiislamu: miezi minne na siku kumi, ndani ya nyumba ya marehemu, bila manukato, bila mapambo, bila kutoka ila kwa dharura. Nilizijua sheria hizo tangu utoto. Sikujua zinavyouma. Miaka yote ya ndoa yangu nilitoka Magomeni asubuhi kwenda Kariakoo kufungua duka letu la vifungo, zipu, nyuzi na lastiki. Nilizoea kufokeana na wasukuma mikokoteni, kumfukuza machinga aliyetandaza soksi mlangoni pangu na saa mbili baadaye kumtunzia mzigo wake. Sasa nimekaa juu ya godoro, nasikiliza jirani anavyokuna nazi, najua hata ameifikisha wapi.

Na kulikuwa na jambo jingine. Wiki ya pili ya eda, wifi yangu, dada wa marehemu, ambaye habari haikai kifuani mwake hata kwa dawa, alikuja kuninong'oneza kwamba mwanangu na mkewe wamepata vyumba Mbagala. "Wanakusubiri umalize eda tu, wahame." Sikumwuliza sababu. Sababu ilikuwa mimi.

Sisi ni watu wa madukani, babu zetu walitoka Arabuni. Mke wa mwanangu alitoka kusini, Newala, akaja mjini kuuza mitumba. Siku ya harusi yao, nikiwa nimezungukwa na wanawake wenzangu, nilisema mwanangu ameokota. Wala sikupunguza sauti. Baada ya hapo tuliishi nyumba moja miaka mitano, na mazungumzo yetu yote yangeenea kwenye karatasi ya kufungia vitumbua: shikamoo, marahaba, chakula tayari, haya.

Wifi aliponiambia wanahama nilijibu, "Na waende." Kisha usiku chakula hakikupita.

Hakikupita siku ya pili wala ya tatu. Mke wa mwanangu ndiye aliyekuwa ameshika duka badala yangu. Akirudi jioni anakuta sahani ilivyo. Siku ya nne hakuiondoa sahani. Aliketi kizingitini mwa chumba changu, akanisogezea kishikwambi cha zamani cha mumewe.

"Humu kuna mchezo, Mama. Unachimba, unajenga. Dukani mchana wateja wakikatika ndio nacheza."

Nilitaka kumgombeza kwa kucheza dukani kwangu. Nikakosa nguvu, nikakipokea.

Ni dunia ya maboksi. Mti boksi, ng'ombe boksi, hata jua ni boksi. Unaanza mikono mitupu, unakata miti, unatengeneza zana, na giza likiingia mazimwi yanatoka, kwa hiyo liwe limekukuta umeshajenga. Mke wa mwanangu alinijengea kibanda cha mbao cha chumba kimoja, akaniwekea kitanda na sanduku. Mtu wangu alikuwa amevaa nguo nyekundu. Nikamwuliza mjane mwenye nguo nyekundu amemwona wapi. Akamtafutia nyeupe kuanzia kichwani hadi miguuni.

Hapo ndipo nilipomwuliza lile swali la mlango. Na kwa kuwa sikupata jibu la kunitosha, na sheikh nilimwonea haya kumpigia simu kwa jambo kama hilo, nikajikatia hukumu mwenyewe: mlango ule siutoki mpaka eda iishe. Lakini hakuna aliyesema mjane asichimbe sakafu ya chumba chake. Nikakisogeza kitanda, nikaanza kushuka.

Nilichimba palepale niliposimama, jiwe moja chini ya jingine, kwa hasira. Nilipolivunja jiwe la mwisho nikatumbukia kwenye uji wa moto wa mawe yaliyoyeyuka. Kioo kikawa chekundu, kikaandika kwamba nimekufa.

Niliganda. Ndani ya nyumba ya msiba, kuona neno lile limeandikwa juu yangu! Lazima nilipiga ukelele, kwa sababu nilimsikia kutoka chumba cha pili akiuliza, sauti tulivu kabisa, "Mama, umekufa? Bonyeza hapo chini, utarudi."

Nikabonyeza. Nikajikuta kitandani kwangu, mikono mitupu, mzima. Nikamfikiria mume wangu, ambaye hakuwa na pa kubonyeza. Nikalia mpaka mto ukalowa. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kulia tangu mazishi.

Kesho yake nilikula.

Tukawa watu wawili wa mgodi mmoja. Yeye mtu wa nje, mimi mtu wa ndani. Alinifundisha kuchimba kwa ngazi, nisichimbe ninapokanyaga. Alinifundisha kuweka mienge upande mmoja tu wakati wa kushuka, ili wakati wa kurudi nisipotee. Kila jioni akirudi Kariakoo anaoga, anakula, kisha simu yake inaingia katika dunia yangu. Iliweza kuingia tukiwa chini ya paa moja tu. Sikuelewa kwa nini na sikuuliza. Yeye anakwenda juu kukata miti, anaweka magogo kwenye sanduku langu, mimi nayachukua nashuka nayo. Siku nyingine nikifungua sanduku nakuta mkate. Siku moja nilikuta ua, amelichuma huko juu ambako mimi sifiki. Nililiacha palepale nikawa nafungua sanduku kulitazama.

Mwanzoni tulipigiana kelele kupitia ukutani. Kisha akahamia kizingitini. Mwezi wa pili ulipoisha alikuwa anakaa mkekani pangu, bega kwa bega, akikandakanda nyayo zake zilizovimba kwa kusimama dukani kutwa. Tulichimba tukiongea. Nilimwambia yule fundi mshonaji wa mtaa wa nyuma ukimwambia zipu zimeisha hakuamini, mwonyeshe boksi tupu. Alinisimulia mama yake anavyobangua korosho, vidole vyeusi, huku anaimba. Nilimwuliza mama yake anaimba nini. Miaka mitano, na ndiyo kwanza nauliza kama mama yake yupo.

Wifi alitukuta siku moja tunapiga mayowe, "Nyuma yako! Zimwi nyuma yako!" Akashika kiuno mlangoni.

"Eda gani hii?"

"Ya kwangu," nikamjibu. "Sijatoka nje hata mara moja. Huku wala huko."

Tulichokuwa tunakitafuta ni almasi. Huko chini kuna mkaa kila mahali, chuma ukivumilia, dhahabu ukiwa na bahati; almasi ziko chini kabisa karibu na ule uji wa moto, chache, na watu wanachimba wiki nzima hawazioni. Yeye mwenyewe hakuwahi kuipata hata moja. Jioni moja aliniambia, akifurahi kama mtoto, "Tukizipata hizo tumemaliza, Mama."

Nilizipata mchana mmoja mwanzoni mwa mwezi wa nne, baada ya Adhuhuri, yeye yuko dukani. Nilivunja jiwe upande wa kulia wa njia yetu, na nyuma yake nikaona madoa ya rangi ya buluu yanang'aa. Nikasogeza mwenge, nikavunja mawe mengine mawili. Almasi nne zimekaa pamoja. Nilisimama pale godoroni kweli, kwa miguu yangu hii, nikachukua simu nimpigie.

Sikupiga. Nilikuwa nimekumbuka neno lake: tumemaliza.

Mikoba ya nguo ilikuwa imeshaanza kujipanga kwenye ukumbi wa nyumba. Nilikuwa naiona nikienda msalani. Tukimaliza huku atabaki kufanya nini na mimi? Atarudi kwenye shikamoo na marahaba, siku zitaisha, atabeba mikoba yake. Nikachukua mawe niliyoyavunja, nikayarudisha mahali pake, matatu, nikaziba ukuta.

Aliporudi akauliza, "Leo umepata nini, Mama?"

"Mkaa," nikasema. "Naona tujaribu kushoto."

Tulichimba kushoto wiki tano. Kushoto hakukuwa na kitu. Kulikuwa na kokoto, udongo, maji yaliyotufurikia mara mbili, na pango moja la popo. Alikuja kila jioni, macho mekundu kwa usingizi, akashika sururu yake. Niliona vibaya. Mara nyingine nilisema, "Leo pumzika, mwanangu," naye akasema hajachoka. Nami nikanyamaza, kwa sababu nilimtaka pale. Naliandika hili bila kujipamba: nilimtesa mtoto wa watu kwa sababu nilimpenda na sikujua pa kulisemea.

Jioni ya mwisho ya eda nilishindwa. Kesho yake wanawake wangekuja kuniogesha, ningevaa nguo mpya, ningefukizwa udi, na keshokutwa gari la mizigo lingekuja kuchukua mikoba. Alipoketi mkekani nikamwambia, "Leo twende kulia."

Akanifuata. Tulipofika pale ukutani nikasimama.

"Ziko hapa. Nilizipata zamani. Nilizifunika."

"Najua, Mama."

Nikadhani ananifariji. Akasogea karibu na ukuta, akanionyesha kwa kidole kwenye kioo. "Jiwe la ukutani ni laini, unaona? Ukishalivunja, hata ukilirudisha linakaa na mikatomikato. Ukuta wote laini, halafu hapa katikati matatu yamepasuka."

Nilitazama. Yalikuwa yanaonekana hata kwa kipofu.

"Uliyaona lini?"

"Jioni ileile."

"Wiki tano unanifuata kushoto, unajua hakuna kitu?"

"Na mimi sikutaka tumalize," akasema.

Nilikiweka kishikwambi chini. Sikutaka kusema nililotaka kusema nikiwa natazama maboksi. Nikamgeukia. "Siku ya harusi yenu nilisema neno."

"Nililisikia, Mama. Nilikuwa nyuma ya pazia, wananivisha."

Miaka mitano alinipikia akiwa amelisikia. Nilimwomba msamaha, nilimwomba vibaya, kwa kigugumizi, mimi ambaye Kariakoo nzima inaujua ulimi wangu. Alinishika mkono. Akasema alishanisamehe, labda siku ile nilipotumbukia kwenye moto, maana alinisikia nikilia, akalia na yeye huko chumbani kwake.

"Basi msihame."

Nikajua jibu kabla hajalitoa. "Tutahama, Mama. Mwanao ameshatoa neno. Na mimi nataka jiko langu."

Nilitaka kukasirika, nikatafuta hasira, sikuiona. Nilipoolewa niliishi na mama mkwe miaka saba, na kila siku ya miaka hiyo nilitaka jiko langu. Nikamwambia, "Haki yako." Tukalia wote wawili kidogo, bila fujo.

Kisha akachukua simu yake. Nilidhani atavunja ukuta. Aligeuka, akaanza kupanda ngazi, mienge ikimpita upande mmoja.

"Huzichimbi?"

"Zikae. Simu yangu inaingia huku nikiwa nyumba hii tu, Mama. Nikitaka almasi itabidi nije."

Nilimaliza eda. Walihama. Nililia gari lilipokata kona, na sikujificha. Nilirudi dukani, nikakuta amepanga vifungo kwa rangi, jambo ambalo mimi sikuwahi kulifikiria, na sijapangua. Yeye amefungua kibanda chake cha nyuzi Mbagala. Mzigo wa kwanza niliufunga mwenyewe. Katikati ya wiki nyumba ni kubwa na kimya, siwezi kusema nimeizoea.

Lakini Jumapili anakuja. Anasalimu, anafunua sufuria kuona nimepika nini, anakaa mkekani. Nje ya kile kibanda cha mbao nilishatoka, nikaona miti na ng'ombe wake, vizuri sana, ila hatukai huko. Tunashuka. Mwaka umepita na zaidi, na ule ukuta hatujaugusa. Jumapili iliyopita alivua viatu, akawasha simu yake, akauliza, "Leo tunachimba wapi, Mama?"

"Kushoto."

"Kushoto hakuna kitu."

"Najua," nikamwambia. "Shika sururu."