Mtani Wangu na Roketi ya Kwenda Mwezini

Kuna watu waliotoka kwao wakazunguka dunia. Mimi nilitoka Songea, nikafika Macquarie Fields, pembeni ya Sydney kule Australia, nikaketi. Mpaka leo nimekaa. Ukiniona kituo cha treni, ujue kuna msiba au unga umeisha. Nashona sebuleni, nguo za harusi na sare za kwaya, na mbele ya cherehani nimeweka televisheni. Hapo ndipo roketi zilipoingia nyumbani kwangu.

Nisijifanye msomi. Kidato cha nne Fizikia ilinikataa hadharani, matokeo yakabandikwa ukutani mtaa mzima ukasoma. Lakini hizi roketi mpya za Wamarekani, ndefu kama maghorofa, zinazotengenezwa ili watu warudi tena Mwezini, zilinishika. Nilipenda hata zinavyoharibika. Moja wanaijenga miezi, wanaisimamisha pwani, wanaijaza mafuta ya baridi kali mpaka ubavu unaota barafu, inapaa, inalipuka, na wahandisi wanapiga makofi! Wanasema wamejifunza, wanaanza nyingine. Mimi nikikosea mkono wa gauni, mteja hapigi makofi.

Kwa saa za Sydney majaribio mengi huangukia asubuhi, wakati wa chai na maandazi. Kwa mtu asiyetoka ndani, ni kama wamenipangia.

Sasa, mtani wangu. Mimi Mngoni, yeye Mhehe. Babu zetu walipigana vita, kisha wakapatana kwamba wajukuu watapigana kwa mdomo tu. Mtani anaweza kukutukana mbele ya mchungaji, kukufichia viatu, kukalia kiti chako. Ukikasirika, mkosaji ni wewe. Wakongo na Warundi tunaosali nao kule Fairfield walidhani mwanzoni kwamba sisi wawili tuna kesi. Huyu Mhehe anapanga maboksi kwenye ghala moja hukohuko, ana sauti ya kengele, na tangu alipogundua roketi zangu alinibatiza Bibi Mwezini.

"Bibi Mwezini, wiki hii mnapaa au mnalipuka?"

"Tunapaa, Mhehe. Tulitaka kupeleka mbwa kwanza, tukakumbuka nyinyi mmeshawala wote."

Wahehe husingiziwa kula mbwa, basi watu wanacheka, tunakula, tunarudi makwetu. Hapo sina ugomvi naye.

Ugomvi ulianza baba yangu alipofariki. Songea sikwenda, makaratasi yangu ya ukaazi yalikuwa bado yanashughulikiwa, na ukitoka hujui kama utaruhusiwa kurudi. Matanga tukayaweka kwangu. Kwetu mtani ana kazi msibani: humwigiza marehemu, huwavunja watu mbavu ili machozi yapumzike. Nilijua atakuja na jambo. Alikuja amejizungushia foili, ile ya kufungia nyama choma, kuanzia kifundo cha mguu mpaka utosini. Akajilaza mkekani katikati ya akina mama.

"Mimi ndiye mzee wa Songea," akasema kwa sauti ya baba yangu. Hakuwahi kuisikia sauti hiyo, lakini, Mungu anisamehe, aliipatia. "Binti yangu ananituma mbinguni kwa roketi yake. Haya, hesabuni!"

Wakahesabu. Hata mchungaji alihesabu. Mhehe akainuka anatetemeka, akapanda juu ya stuli yangu ya kushonea, akanyoosha mikono. "Puu!" Akajibwaga chini, foili ikatawanyika chumba kizima. "Jamani, mzee kalipukia njiani! Peponi hajafika! Msilie, wamejifunza, watatuma mwingine!"

Nyumba ilipasuka kwa kicheko. Na mimi nilicheka, maana ndiyo sheria. Nikamtoa mkekani kwa sahani ya nyama kama desturi inavyotaka. Kisha nikaingia jikoni, nikashika ukingo wa sinki, nikaapa. Sikuapa mambo makubwa. Niliapa kwamba siku moja huyu mtu atatamani sana kufika mahali, na hatafika.

Ukiwa mtu wa kukaa, kisasi hakichoshi. Unashona, unasubiri.

Haukupita mwaka, binti yake wa kwanza akachumbiwa kule Iringa. Mhehe alimtangazia kila mtu kwamba atamwingiza kanisani mwenyewe, mkono kwa mkono. Alikuja kwangu nimshonee shati la kitenge. Nikiwa nampima shingo, akanieleza safari: Alhamisi asubuhi anaondoka Sydney kupitia Johannesburg, Ijumaa Dar, usiku Iringa, Jumamosi harusi.

"Alhamisi asubuhi?" nikauliza, na futi ikanitoka mkononi.

Jaribio la roketi kubwa lilikuwa limetangazwa asubuhi hiyohiyo. Na ile sehemu ya juu, ambayo ndiyo wanataka siku moja iwashushe watu Mwezini, kwenye majaribio hurudi ikiwaka moto na kushukia kusini mwa Bahari ya Hindi, karibu na njia ya ndege za Johannesburg. Siku kama hizo ndege huzuiwa zisubiri vyuma vipite. Ilishatokea, nilisoma.

Msinihukumu haraka. Nilimwambia! Jumapili, kwenye chakula cha kumuaga, ukumbi umejaa, nilisimama na sahani yangu.

"Mhehe, badilisha tiketi. Alhamisi roketi yangu inashuka kwenye njia ya ndege yako. Harusini hutafika."

Ukumbi uliangua kicheko. Yeye alicheka mpaka akaweka soda chini.

"Mmesikia? Bibi Mwezini amefunga anga! Basi mtani niazime ungo wa bibi yako, ule hauna foleni!"

Sasa, mtani haaminiwi mpaka aseme maneno mawili: utani kando. Ukiyasema, hata Mhehe hunyamaza akasikiliza. Nilikuwa nayo mdomoni. Nikayameza pamoja na kachumbari, nikakaa.

Alhamisi nilikaa mbele ya televisheni nimejitanda khanga mpya. Simu ikalia.

"Mtani." Hakusema Bibi Mwezini. "Wanasema ndege inasubiri vyuma vya roketi vianguke. Ni kweli?"

"Si nilikwambia?"

"Ulikuwa unatania!"

"Nilisema badilisha tiketi. Kichekesho kilikuwa wapi?"

 Nyuma yake mtoto wa watu alikuwa analia.

"Sasa hiyo roketi itaruka saa ngapi? Hapa hakuna anayejua kitu."

Jamani, utamu wake! Mwanafunzi aliyefeli Fizikia amepata darasa.

"Swali zuri," nikasema. "Lakini uelewe kwanza: chini kuna injini zaidi ya thelathini, na zote..."

"Mtani, tafadhali."

"Usimkatize mwalimu. Zote zinakunywa methani."

Kwenye skrini hesabu ilikuwa imesimamishwa, wanakagua valvu. Hilo sikumwambia mpaka nilipomaliza injini na kuingia kwenye vigae vya kuzuia joto. Kila akiuliza, namrudisha mwanzo. Nilijimiminia chai ya pili.

Mwishowe ikapaa. Nilipiga kelele za furaha, na sijui hadi leo nilikuwa nashangilia lipi. Ilipokwisha kuzama baharini nikampigia: "Imeshuka. Nendeni." Akakata bila kuaga.

Johannesburg alikuta ndege ya kuunganisha imeshaondoka, na ya kesho yake imejaa. Iringa aliingia Jumamosi jioni, keki inakatwa, shati langu limekunjamana. Mdogo wake ndiye aliyemwingiza binti kanisani.

Aliporudi Sydney alikuja kwangu peke yake. Akaketi karibu na cherehani.

"Ulijua," akasema.

"Nilijua."

"Wananiambia alikuwa anageuka nyuma kila hatua, mtoto yule. Anatazama mlango."

Hilo lilinichoma kidogo. Kidogo tu.

"Basi tumelingana, Mngoni."

"Bado," nikamwambia. "Wewe ulimkuta mwanao bado amevaa shela. Mimi baba yangu nilioneshwa kwenye simu, udongo umeshasawazishwa. Jioni yake ukaja wewe na foili."

 Mhehe akauliza, kwa sauti ndogo ambayo sikujua anayo, baba alikuwa mtu wa namna gani.

Nikamwambia nina gauni la watu mkononi, aje siku nyingine.