Mkalimani wa Tutaona

Ukisikia watu wa Mbinga wanasema Othmar anajua Kiingereza, usiwaulize kasomea wapi. Kiingereza chake kakipata ng'ambo ya ziwa, upande wa Malawi, kwenye hoteli ya watalii alikokuwa akipeleka chai na mayai ya asubuhi. Kwao ni Lituhi, na kijana wa Lituhi kuvuka maji kwenda kutafuta kibarua si habari ya kuitia mkutano. Alivuka na Kiingereza cha darasani, ambacho kwa mambo yasiyo na hakika kilikuwa na neno moja tu, "perhaps", nalo alikuwa hajawahi kulisikia likitoka kinywani mwa mtu.

Hotelini pia hakulisikia. Kazi yake ilikuwa kuuliza: mayai ya kukaanga au ya kuchemsha, leo mnatoka na boti au mnabaki, mchana mtakula samaki? Lakini wageni walikuwa likizo, na inaelekea mtu akiwa likizo huacha kuamua mambo kama anavyoacha kuvaa viatu. Mume alipandisha mabega, akasema "dunno". Mke akasema "maybe". Mume akaongeza kwamba alikuwa "kinda" na njaa, mke akasema "I guess", na hatimaye mmoja wao aliliangalia ziwa kwa muda mrefu na kufunga mjadala kwa "we'll see". Othmar alirudi jikoni na majibu hayo kama alivyopewa. Mpishi alimsikiliza hadi mwisho, kisha akauliza, "Kwa hiyo mayai yapi?"

Ikabidi ajifunze. Aligundua kwamba mtu anayesema hajui, "dunno", huwa anajua vizuri sana, ila hataki kulaumiwa mayai yakiwa mabaya. Mwenye "kinda" njaa, njaa kwa namna fulani, ana njaa hasa, mletee na mkate. "I guess", au nadhani, ni ndiyo ya mtu asiyetaka kushukuru. Na "we'll see", yaani tutaona, hiyo ni hapana iliyovalishwa suti, boti unaweza kuifunga na kwenda zako kulala. Baada ya msimu mmoja jikoni hakukuwa na yai lililorudi. Meneja alimsifu kwa kusema kazi yake ilikuwa "sort of" nzuri, na Othmar, akijua maana yake, alianza kufungasha mapema. Mwezi uliofuata walipunguza wafanyakazi.

Alirudi, akapanda milimani hadi Mbinga, akafungua kibanda cha kutengeneza simu karibu na stendi. Angezeekea hapo akipuliza vumbi kwenye simu za watu, kama isingekuwa kahawa.

Wakulima wa kule Kitura walikuwa na chama chao cha kuuzia kahawa, na kila msimu walitembelewa na wanunuzi kutoka nje. Mwaka mmoja alikuja mnunuzi mpole kweli, akaonja, akatabasamu, akasema maneno yake, na kila aliyekuwa na Kiingereza kidogo alikubali kwamba maneno yale hayakuwa mabaya. Wakamngoja. Wakawafukuza wanunuzi wengine kwa ajili yake. Walimngoja hata bei ikaporomoka, na yule bwana mpole hakuonekana tena mpaka leo.

Msimu uliofuata wakamwita Othmar. Akaja mwingine, akaonja, akatazama dari ya ghala, akasema kwamba kahawa ni "kinda nice, I guess", kisha akamalizia na "we'll see". Wakulima wote wakamgeukia mkalimani. Othmar akasema, "Huyu hanunui."

Mwenyekiti wa chama alimnong'oneza kwamba mgeni hajasema hivyo, ametabasamu kabisa. Othmar akawaeleza, kwa sauti ya mtu anayetaja bei ya chumvi, kwamba wenzetu hawa hawapendi kumkatalia mtu usoni. "Ndiyo haichelewi," alisema. "Mtu mwenye ndiyo anaitoa hapohapo, hata hajameza mate. Ukiona mtu anazungukazunguka, ujue ameshakukatalia, anakuonea aibu tu. Msimngoje. Uzeni kwa mwingine." Wakauza kwa mwingine, wakapata bei, na tangu siku hiyo Othmar akawa mtu. Akinamama walimsalimia kwa jina. Kuna mzee alimwomba atafsiri na maneno ya mkwewe, ambaye alikuwa Mmatengo mwenzake, wa lugha ileile.

Siku ile ghalani, nyuma ya mizani, alikuwepo karani aitwaye Beata. Baba yake alikwisha fariki, akabaki na mama na baba mkubwa. Alikuwa dada mwenye macho makali na maneno machache, na hayo machache hakuyarudia. Alimsikiliza yule mtu wa ziwani anavyokata neno, akajiambia kwamba huyu ndiye mwanamume wa kuzungumza naye. Wiki hiyohiyo simu yake ikaharibika. Ikatengenezwa, ikaharibika tena, na ilipoharibika mara ya tatu Othmar alielewa kwamba tatizo halikuwa simu.

Alimpenda. Ninaliandika wazi hapa kwa sababu yeye mwenyewe hakuwahi kulisema wazi popote. Alimpenda kiasi kwamba akimwona anashuka kwenye pikipiki pale stendi, skrubu ilimponyoka mkononi. Alimtuma jirani yake, mzee Wilfred, akawe mshenga, na Wilfred akapeleka barua ya posa Kitura, ikapokewa kwa furaha. Kilichobaki kilikuwa kupeleka majina parokiani. Milimani watu wengi huoana kahawa ikishauzwa, kabla ya Majilio ya kuelekea Krismasi, na tangazo la ndoa lazima lisomwe kanisani Jumapili tatu. Kwa hiyo kila mwaka inafika wiki moja ambayo majina yakienda kuna harusi, yasipoenda hakuna mpaka mwakani.

Mwaka wa kwanza wiki hiyo ilipofika Othmar alisema ngoja kwanza amalizie nyumba Lituhi. Mwaka wa pili nyumba ilikuwa imeisha, lakini huenda angeitwa tena ng'ambo, kuna mtu kamdokeza. Wa tatu alisema nadhani ingefaa tujipange. Wa nne hakusema kitu, aliugua malaria, na wapo wanaosema aliifurahia. Si kwamba alikuwa na mwanamke mwingine, wala hakuwa tapeli. Alikuwa mtu wa mguu ndani mguu nje, basi. Miaka yote ile aliwacheka watalii wanaoshindwa kuchagua yai, kumbe kaondoka na ugonjwa wao.

Mwaka wa tano, wiki ile ilipokaribia, mzee Mansuetus, baba yake mkubwa Beata, aliwaita Othmar na mshenga wake wafike Kitura Jumapili baada ya misa. Ujumbe ulikuwa mfupi: waje na jibu. Beata naye alimpigia simu mwenyewe. Hakulia wala hakufoka. "Othmar, majina yakienda nitafurahi," alisema. "Yasipoenda, mimi sitakuwa na mwaka wa sita." Othmar akajibu kwamba amemwelewa, na kweli alikuwa amemwelewa.

Walipanda na pikipiki mbili. Othmar alipakiwa na Tobias, bodaboda wa pale stendi aliyezoea kumpeleka Kitura na ambaye alikuwa ameshajipa kazi ya kumbeba bibi harusi. Mapajani kwake Othmar alipakata mfuko wa usipa mkavu, dagaa wa ziwa, kutoka Lituhi, kwa sababu mtu wa ziwani haendi ukweni mikono mitupu. Mama yake Beata aliupokea kwa mikono miwili, akaunusa, akasema huu ndio usipa, akaupeleka jikoni moja kwa moja. Othmar alipiga goti kidogo mbele ya mzee Mansuetus.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Keti. Tuna neno moja tu, halitatuchosha." Mzee akakohoa. "Katibu wa parokia anangoja majina. Nipeleke, nisipeleke?"

Othmar alijiweka sawa kwenye kiti. Kwa haki kabisa, alikuwa amekuja na ndiyo. Aliifanyia mazoezi njia nzima nyuma ya Tobias, na ilikuwa ndiyo nzuri, ya herufi chache. Alifungua mdomo.

"Mzee, kwanza nashukuru. Mimi kwa upande wangu kwa kweli sina shida. Yaani, kwa namna fulani, naona tunakoelekea si kubaya. Ila sasa mambo haya... nadhani yangetaka utulivu kidogo. Mwaka huu au mwakani, sijui, yote yanawezekana. Labda tuone kwanza msimu unakwendaje. Mungu akijalia, mzee, tutaona."

Nje jogoo aliwika, ikaonekana yeye ana msimamo. Mzee Mansuetus alimgeukia mshenga. "Wilfred, amesemaje?"

Wilfred aliangalia sakafuni. Alikuwa ameyabeba maneno ya aina hiyo kutoka Mbinga hadi Kitura kwa miaka, na sasa mgongo ulikuwa unamuuma.

"Ni Kiswahili," mzee akaendelea taratibu, "nimekisikia chote. Ila sijui niende parokiani au nikalale." Akainua macho mlangoni, alikosimama Beata na sinia la vikombe. Katika kikao kama hiki binti hasemi mpaka aulizwe. "Mwanangu, wewe ndiye unayemjua. Hebu tusaidie. Anasemaje huyu?"

Beata aliweka sinia mezani. Alimtazama Othmar muda mfupi, akimpa nafasi, na Othmar aliiona nafasi hiyo ikipita mbele yake.

"Amesema hapana, baba mkubwa."

"Sijasema hapana!" Othmar alishtuka hata kiti kikalia. "Mzee, hilo neno mimi sijalitamka!"

"Hata yule mnunuzi hakulitamka," alisema Beata. Sauti yake haikupanda, ila mikono aliifungia kwenye kanga. "Ulitufundisha wewe, pale ghalani, mbele ya watu wote. Ndiyo haichelewi. Mtu akizungukazunguka ameshakukatalia, anakuonea aibu tu. Nilikuwa nyuma ya mizani, nikasikia. Wakulima walikuelewa siku hiyohiyo, wakauza kwa mwingine. Mimi ndiye niliyebaki nangoja, kwa sababu nilikuwa nakupenda."

Mama yake, kule jikoni, aliacha kukoroga.

Mzee Mansuetus hakuwa mtu katili. Aliinama mbele, akaweka kiganja kwenye goti la Othmar. "Mwanangu, mkalimani naye hukosea. Kama amekosea, msahihishe. Sema ndiyo, mimi nachukua kofia yangu naenda. Tunakusikiliza."

Wote wakamsikiliza. Ile ndiyo ilikuwepo, Othmar aliisikia kabisa kooni, na alijua hakuna kitu duniani anachokitaka kuliko mwanamke yule aliyesimama mbele yake. Aliona pia kwamba akishaisema haitarudi.

"Mzee, si kwamba..." alianza.

Mzee Mansuetus akaondoa mkono, akatikisa kichwa polepole, kama wakulima walivyozoea kutikisa vyao, mgeni akishatafsiriwa. "Haya," alisema. "Tumeelewa."

Barua ya posa ilirudishwa kwa Wilfred ikiwa safi, imetunzwa ndani ya kitabu cha nyimbo za kanisani. Wageni wangeondoka hapohapo, ila usipa ulikuwa umeshaingia sufuriani, na Kitura mgeni haachwi aondoke na njaa kwa sababu ndogondogo. Kwa hiyo walikula. Ugali ulikuwa mzuri na usipa ulikuwa mzuri zaidi. Mzee aliuliza habari za ziwa, Othmar akajibu kwamba ni nzuri. Beata aliwanawisha wote, mmoja baada ya mwingine, na alipofika kwa Othmar alimmiminia maji kama alivyowamiminia wengine, bila kuzidisha wala kupunguza. Hapo ndipo machozi yalipomlenga Othmar, akasingizia pilipili. Pilipili haikuwepo.

Barabarani Tobias alikuwa ameshageuza pikipiki, amefuta na kioo. Aliwasha, akazima tena, uvumilivu ukamshinda. "Kaka, vipi? Wamesemaje wakwe?"

Othmar alipanda nyuma, akashika chuma cha kiti. Chini kule kahawa ilikuwa imechumwa yote, matawi yamebaki na majani tu.

"Wao hawajasema kitu," alijibu. "Nimesema mimi."

"Umesema nini?"

"Nimesema hapana."

Tobias aligeuka kumtazama usoni, akaona hatanii. "Wewe? Kwa Beata? Una hakika?"

"Nina hakika," alisema Othmar. "Twende."